Kinywaji cha Ndege ya Gleb

Nyumba Na. 6, mlango 14,
Kambi ya Studyonka.
24 Februari 1980

Mpendwa Mama mdogo Faina,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. Mgongo wako unaendeleaje? Na yule jirani mnayeshirikiana naye jiko, bado anakufichia sufuria? Nijibu hayo kwanza, maana nina hamu ya kusikia mambo ya kawaida. Sisi kwa miili hatujambo. Kostya ameota meno mawili na kifua chake kimepona. Asya anajifunga viatu mwenyewe. Mimi nimekonda, lakini maziwa bado yanatoka.

Barua hii sikuitia posta, unajua za kambini husomwa njiani. Anakuletea Tamara, mke wa mpishi wetu, anayekwenda kwao kwa treni. Ukishaisoma ichome.

Mama mdogo, Venya, baba watoto, yuko mahabusu tangu Jumatatu. Hakumpiga mtu wala hakulewa. Nitakueleza yote, ila nivumilie, naandika huku namtikisa mtoto kwa mguu.

Ndege hizi za kivita anazozihudumia Venya unazijua kuliko mimi, wewe uliyechomelea mabawa yake miaka kumi. Wewe ndiye uliyenisimulia mlivyoharakishwa kuzijenga kwa chuma, ziruke juu kuliko zote ziwawahi Wamarekani, na wale Wamarekani wenyewe ndege yao kubwa wakaiacha kabla haijaingia kazini. Halafu yule rubani akaitorosha moja hadi Japani, nanyi mkarudishwa zamu za usiku kubadilisha rada kwa sababu siri zote zilishatoka. Wewe unazijua kwa chuma chake. Sisi huku tunazijua kwa kiu yake.

Kila moja inabeba spiriti, pombe tupu inayonyweka, zaidi ya lita mia mbili, ya kupoza rada na jenereta. Na kambi nzima inaishi kwa spiriti hiyo. Fundi wa mabomba hatengenezi bomba bila spiriti. Kuni, dirisha, buti za mtoto, hata jino kung'olewa, yote ni spiriti. Fundi wa ndege anachota kidogo, anajazia maji yaliyochujwa, anatia sahihi kwenye daftari la ndege kwamba tangi limejaa. Nilipofika hapa nikiwa bibi harusi niliona ni wizi. Baada ya mwaka mmoja nikaona ni kama kuchota maji kisimani.

Desemba Kostya alishikwa na kichomi. Daktari wa kambi alikuwa likizo, na hospitali ya mjini iko kilomita tisini. Dereva wa lori akatuambia mlangoni, bila hata kuvua kofia, "Dada, barabara imefunikwa na theluji. Mimi nina roho moja, na roho hiyo ina kiu." Venya akasita. Ndege yake ilikuwa imefika Oktoba kutoka kikosi cha kusini, hakuwa ameizoea bado. Mimi ndiye niliyemwambia, "Nenda kachote. Mtoto anabadilika rangi, wewe unafikiria daftari?" Akaleta chupa mbili za lita tatu, zile ninazotilia matango. Moja ya kwenda, moja ya kurudi. Mtoto akapona.

Kumbe fundi wa kule kusini naye alikuwa akichota na kujazia maji, na aliyemtangulia vilevile. Kila mmoja alijua kipimo chake tu. Hakuna aliyeandika, nani angeandika? Kule kusini maji hayagandi ardhini, kwa hiyo ndege ilipaa ikatua, ikapaa ikatua. Huku Januari kipimajoto kilishuka hadi arobaini na moja chini ya sufuri.

Tarehe ishirini na tisa Januari ilipaa na Kapteni Gleb Narokov. Unamkumbuka, yule mrefu aliyecheza na wewe harusini kwetu mpaka ukaomba kukaa. Venya ndiye aliyemfunga mikanda. Gleb akamtania kama kawaida, "Fundi, umeniwekea kinywaji cha kutosha leo?" Venya akamjibu, "Kimejaa mpaka shingoni, komredi kapteni. Rudi salama tukigawane." Wakacheka, kioo kikafungwa.

Maji yaliyozidi yaliganda ndani ya mabomba. Jenereta ikashika moto, umeme ukakatika, vyombo vyote vikazima ndani ya mawingu. Hakuruka nje kwa mwavuli. Walimpata msituni siku ya tatu.

Hapa fundi haondoki uwanjani mpaka ndege yake irudi. Venya alisimama mahali pa ndege yake palipobaki patupu, ameshika vizuizi vya magurudumu, tangu saa tano asubuhi mpaka giza. Walikwenda watatu kumwondoa. Vidole viwili vya mkono wa kushoto vilikufa kwa baridi, vimekatwa.

Ikaja tume. Wiki ya kwanza wakaanza kusema rubani ndiye aliyepotea mawinguni, alizembea, ameteketeza mali ya taifa. Ikiandikwa hivyo, Mama mdogo, mjane hapati kitu cha maana, na mtoto wake atakua akisikia baba yake alikuwa mzembe. Inna, mke wa Gleb, anakaa mlango wa kumi na tano. Ukuta wetu ni mmoja. Nilikuwa namsikia akikohoa.

Mhandisi wa kikosi, Meja Sheludko, alikuja kwetu akakaa mezani, akala uji wa Asya uliobaki. Akamwambia Venya, "Mwanangu, wewe una watoto wawili. Gleb hana kinachomuuma tena." Kisha akanigeukia, "Mama Asya, mpe mumeo chai ya moto, alale, akiamka asikumbuke kitu." Nikampa chai. Aibu hiyo ni yangu.

Kesho yake Inna aligonga. Hakuingia, alisimama mlangoni na shali ya sufu mabegani, akauliza, "Rimma, Venya ndiye wa mwisho kuongea naye. Alisema nini?" Nikamwambia alitania. "Alitania nini?" Nikasema sijui, waulize wanaume. Akanitazama. "Basi hata hilo tu nilitaka, jirani, kujua alicheka." Akaondoka. Mimi nikakaa chini pale pale sakafuni na Kostya mkononi, Kostya aliye mzima, mnene, mwenye mashavu.

Venya aliporudi nilimwambia, "Utasema wewe au nitasema mimi. Lakini mtu mmoja wa nyumba hii atasema." Akanijibu, "Unajua ni miaka mingapi?" Nikasema najua. "Unajua utabaki na nani?" Hilo sikulijua. Akalia, nami nikamshika kichwa kama ninavyomshika Kostya, lakini neno langu sikulirudisha. Akaandika maelezo kwa mkono wake mzima. Nilitaka aandike pia kwamba mimi ndiye niliyemtuma. Akakataa kabisa. "Watoto watahitaji mmoja nje," akasema.

Jumatatu akayapeleka. Mkubwa wa tume aliyasoma mara mbili, akamwambia avue mkanda, kama mahabusu wote.

Nilidhani mtu akisema kweli kifua kinapungua uzito. Mama mdogo, hakipungui. Walipima ndege zote kumi na nne, kumi na moja zina maji. Sasa kila fundi anahojiwa, na kila mke ananitazama mimi. Kwenye foleni ya maziwa wanasogea mbali kama nina upele. Mmoja alisema kwa sauti, nisikie, "Huyu mume wake hakumtosha kumla, amewala na wetu." Mwanasheria wa kambi anasema itakuwa miaka sita, labda minane. Nyumba natakiwa kuiacha mwisho wa Machi.

Na Inna, ambaye jina la mume wake limesafishwa, nilikwenda kwake mwenyewe. Nilimweleza yote, hadi kilichompata mtoto na nani aliyesema nenda kachote. Alisikiliza akimenya viazi. Mwisho akasema, "Kwa hiyo wako amepona." Nikasema ndiyo. "Vizuri," akasema, akaendelea kumenya. Hakunifukuza. Ningefurahi angenifukuza.

Sasa ombi langu, na nakuomba kwa magoti. Mpokee Asya. Najua una chumba kimoja na kitanda cha chuma, lakini hali sana na halali vibaya. Mimi nitahamia mjini na Kostya, nipate kazi ya kufua hospitalini, niwe karibu na Venya wakati wa kesi. Baadaye popote watakapompeleka nitamfuata mpaka pale treni inapokoma. Asya siwezi kumburuta huko. Unaposoma hii, Tamara atakuwa amekwisha kumfikisha mlangoni kwako. Ndiye huyo mwenye kofia nyekundu.

Usimdanganye akiuliza. Mwambie baba alitia sahihi jambo lisilo kweli, na mama ndiye aliyemtuma. Na usiniandikie kwamba nilifanya vizuri. Wengine wote wananiambia nilifanya vibaya, nami sijui, kila siku najibu tofauti. Wewe niandikie tu kama anakula.

Nisalimie mjomba Rodion na miguu yake, dada Zoya, na mama wa ghorofa ya chini aliyemfumia Kostya soksi. Mungu akushike mkono kwenye ngazi zile zenye barafu, na kama kuna baraka iliyobaki kwa upande wetu, uichukue wewe, umtunze nayo huyu mtoto.

Nimemwambia Asya anakuja kwako kutembea tu, wiki moja. Jana alinikuta nikipakia viatu vyake vya kiangazi, na theluji bado imejaa nje. Alivitazama, akanitazama, kisha akaleta na lile gauni lake la mikono mifupi, akaliweka juu.

Mwanao akupendaye na asiyekuwa na mwingine wa kumwomba,
Rimma