Marehemu wa Dirisha Namba Tatu

Amalemba,
4 Machi 2024

Baba mpendwa,

Mulembe. Mguu unaendeleaje? Mimi ni mzima, ila tangu tumzike Mama usingizi umenikimbia. Bado namsikia yule karani wa hospitali, Nehemiah, akikwambia pale dirishani, "Mzee, kompyuta inasema ulikufa. Kadi ya bima ya marehemu haiwezi kumtibu mke wake." Ukaleta barua ya chifu kwamba uko hai. Akasema marehemu hawezi kujiombea barua, turudi Jumatatu. Tukizungushwa hivyo, Mama akatutoka wodini.

Natengeneza filamu fupi juu ya dirisha hilo. Njoo uigize wewe mwenyewe. Nataka Nehemiah aione.

Binti yako,
Pascalia

Likuyani,
19 Machi 2024

Mwanangu Pascalia,

Mulembe muno. Mguu una nafuu, na mahindi tumepanda. Mama yako angesema tumwachie Mungu. Nimemwachia Mungu mengi. Huyu karani ni wangu. Nitakuja na koti nililovaa siku ya mazishi.

Baba yako,
Wanjala

Amalemba,
12 Agosti 2024

Baba mpendwa,

Natumai hamjambo huko, wewe na ng'ombe. Pole kwa mafua yaliyokuzuia kuja kwenye onyesho.

Filamu tuliionyesha Ijumaa. Ulishangaa tulivyokuwa tukiipiga: kila ukisogea dirisha linashuka, na sauti ile haina uso. Watu walicheka. Ulipolala kifudifudi ukisukuma kitambulisho chini ya mlango, vicheko vikakatika.

Nehemiah nilimwalika mwenyewe, nikamketisha mbele na mkewe. Taa zilipowaka, mkewe akamgeukia. "Hii si ndiyo ile hadithi unatuchekeshanga nayo nyumbani? Kumbe huyo mzee ni mtu wa kweli?"

Alitoka peke yake. Mkewe alibaki ameketi, akaniuliza Mama aliitwa nani. Nikamwambia: Mildred.

Binti yako,
Pascalia

Likuyani,
30 Agosti 2024

Mwanangu,

Mulembe. Mafua yamekwisha.

Jana Nehemiah alifika hapa na karatasi yenye muhuri, kwamba mimi ni hai. Sikumpa kiti. Nikampeleka kwenye kaburi la mama yako, nikamwambia, "Msomee huyu."

Akasoma. Nikamwambia asome tena, kwa sauti, mama huyu hakusikia vizuri. Akasoma mpaka koo likamkauka. Maji sikumpa.

Kisha akaniuliza kama nimemsamehe. Nikamtazama, Pascalia, na moyo wangu ulikuwa mtulivu kuliko nilivyotarajia.

Nikamwambia arudi Jumatatu.

Baba yako,
Wanjala