Jaji Anafikiria, Mimi Naandika

Jumanne, 4 Februari 2025

Naandika hapa hapa mezani, ndani ya mol, jumba la maduka, maana Lenny anafikiria. Nimemtegea kete moja tu, amekunja uso utadhani kaulizwa siku ya kiama. Miaka mitatu sasa tunacheza drafti, Jumanne na Alhamisi, tukimaliza kutembea. Nje hapatembeki — barafu. Wazee wa Columbia Heights, Marekani, tunazunguka humu ndani kama kuku kwenye tenga.

Lenny ni jaji. Wa mahakama ya rufaa ya serikali kuu, kule St. Paul! Mwaka mzima wa kwanza sikujua. Nilidhani kastaafu posta. Kofia ya sufu yenye kishada, raba, chupa ya chai iliyojaa kahawa. Siku aliponiambia nilicheka hadi meno ya bandia yakataka kutoka. Nikamwambia, ndiyo maana huchezi haraka, umezoea kulipwa kwa kufikiri.

Kasogeza. Vibaya!

Ah. Si vibaya. Kala mbili.

Alhamisi, 6 Februari

Leo kanipa kipande kingine cha maisha yake. Hutoa kimoja kimoja, kama bahili anayegawa peremende. Baba yake alikuwa na ng'ombe wa maziwa, huko kaskazini. Lenny akikamua alfajiri kabla ya shule, ndiyo maana vidole vyake vimepinda. Kasoma sheria usiku, mchana anauza bima. Akawa mwendesha mashtaka, akawa jaji wa chini. Halafu rais mmoja — simwulizi yupi, tutagombana — akampandisha rufaa. Maseneta wakamhoji mbele ya kamera. Wakamwambia awatambulishe jamaa zake. Akasahau jina la mkewe! Marehemu alimsimanga nalo mpaka siku anakufa.

Nikamwuliza, ukizeeka wanakufukuza? Akasema hakuna wa kumfukuza, mpaka afe au achoke mwenyewe. Wamempunguzia kesi tu. Nikasema, kumbe kazi yako kama ndoa za kwetu za zamani. Akacheka, akapiga meza, kahawa ikamwagika kwenye drafti. Mchezo ukafa. Nilikuwa nashindwa, nikamshukuru Mungu.

Tulipokuwa tunapangusa akanieleza wanavyofanya. Majaji watatu. Hakuna shahidi, hakuna wa kulia. Wanasoma makaratasi, mawakili wanasema dakika zao, taa nyekundu ikiwaka basi. Mwenye kesi mara nyingi hawamwoni hata uso. Nikamwambia, basi mnahukumu watu kama vijana wanavyonunua mashati kwenye simu.

Hiyo hakuicheka.

Jumapili, 9 Februari

Mtihani umeingia nyumbani.

Janvier, jirani yetu wa mlango wa pili. Mkongo wa Bukavu, anafanya kazi kiwandani Fridley. Ndiye anayenipeleka kliniki. Ndiye aliyenifundisha kutembea juu ya barafu — kama bata, Papa, tembea kama bata! Mkewe ana mimba kubwa. Janvier aliomba hifadhi hapa, akakataliwa. Akakata rufaa, akakataliwa. Sasa imebaki mahakama moja tu. Wakimkatalia na hawa, anarudishwa kule kule walikomuua kaka yake.

Leo kaja na simu mkononi. Wakili wake, Wairimu, kamtumia majina ya majaji watatu. Watasikiliza Machi. Akasoma kwa Kiingereza chake cha Kifaransa. Jina la pili — Lenny! Jina lake refu, la kazini, lakini ni yeye.

Binti yangu Bimkubwa akapiga kigelegele hapo hapo jikoni. "Baba! Si rafiki yako huyo! Sema naye!"

Janvier kaweka simu mezani. Kanishika mikono yote miwili, kainamisha kichwa. Afadhali angesema.

Jumatatu, 10 Februari

Nimempigia Wairimu. Nikamweleza Lenny ni nani kwangu. 

"Mzee Abdulhalim, tafadhali. Usimtaje Janvier mbele yake. Hata jina. Hata salamu zake usipeleke."

Nikitaja je? Akasema jaji akijua ni mtu wangu itabidi ajitoe, wampe mwingine. Na ikisemwa kwamba tulimtuma mzee kumshawishi jaji, anayechafuka ni Janvier.

Nikamwuliza, kwani Lenny mzuri au mbaya? Akavuta pumzi. Akasema kila kesi ya namna hii aliyompelekea, kamkatalia. "Lakini anasoma, Mzee. Anasoma kila ukurasa. Wengine..." 

Lo! Mdomo huu, ulioniletea viboko tangu chuo cha Kurani, leo unaweza kumng'oa jaji wa Marekani kwenye kiti! Kwa neno moja! Nikacheka peke yangu kitandani.

Kisha nikaacha. Nikimng'oa, atakaa nani? Asiyesoma?

Jumanne, 18 Februari

Baridi ya kukata masikio. Lenny kanishinda mara mbili. Akaniuliza, Halim, mbona kimya, unaumwa? Nikasema jino. Akasema jino gani, wewe huna.

Neno lilifika hapa kooni likarudi. Maisha yangu yote sijawahi kumeza neno, sikujua lina ladha gani. Chungu, kama shubiri.

Nikamwuliza mambo ya mbali, umewahi kukosea huko kazini? Akasema bila shaka. Ulijuaje? Akakaa na kete mkononi. Akasema kwamba hakujua, na hajui ni kesi zipi, na hilo ndilo linalomwamsha usiku.

Nikaangalia upande wa pili. Nikajifanya natafuta sukari.

Jumatano, 19 Februari

Bimkubwa kaninunia. Chai kaniwekea bila tangawizi — hiyo ni vita. Ati nampenda Mzungu wangu kuliko jirani yangu.

Nikamrudia maneno ya Wairimu. "Wairimu mtoto mdogo," akasema. "Karatasi hailii, Baba. Si umesema mwenyewe hawawaoni? Basi amwone. Ale chakula kutoka mkononi mwake. Mtu akishakula chakula chako ataona haya kukufukuza."

Nikamwambia, hiyo ni kwetu.

"Haya ni haya popote!"

 Nikanywa chai yake mbaya. Tatizo la mwanangu, hajakosea. Ila hajapatia.

Usiku nasikia anakanda unga. Nikasema afadhali, hasira zinamtoka.

Alhamisi, 20 Februari

Maajabu! Nashinda!

Nina kingi tatu, kete zilizofika mwisho wa ubao. Lenny ana moja na kete mbili zimebanwa pembeni kama mbuzi wa Idi. Anafikiria. Afikirie mpaka jioni, hana pa kwenda. Miaka mitatu sijamfunga hata mara moja! Nimemwambia leo nakata hukumu, na hakuna rufaa. Kasonya kwa Kiingereza.

Bimkubwa kapiga simu. Gari limekataa kuwaka, baridi. Atamtuma mtu anichukue. Mtu gani? Kakata.

Lenny bado. Anakuna sikio.

Yule pale mlangoni anayetembea kama bata ni nani — Ya Rabi. Janvier! Na sare ya kiwanda. Kakumbatia kontena kifuani kama mtoto mchanga. Bimkubwa! Gari halina ugonjwa wowote! Kumbe unga ule!

Na maskini mwenyewe hajui kuwa huyu wa kutembea ndiye jaji. Kichwani mwake jaji ana joho na walinzi. Hapa anaona vizee viwili na kofia ya kishada.

Kafika. "Papa, Maman Bimkubwa anasema hii mahamri ni ya rafiki yako wa kutembea."

Lenny kainua kichwa. Anapenda mahamri, mwizi huyu. Kasimama, kavua kofia, kanyoosha mkono. Kasema, Lenny — Lenny tu, alhamdulillahi. Sasa ananigeukia, anasema Halim, hunijulishi rafiki yako? Wamefundishwa adabu, hawa wakamuaji wa ng'ombe.

Naandika nisiinue kichwa. Nimenyoosha kidole kuomba dakika, kama mtu mwenye wazo kubwa.

Janvier anafuta mkono kwenye suruali. Namjua. Akisalimu hutaja jina lake lote, la baba, na mji, na Lenny keshalisoma kwenye makaratasi. Keshavuta pumzi.

Kingi tatu! Miaka mitatu!

Kahawa ya Lenny imejaa, bado inatoa moshi. Iko hapa karibu na kiwiko changu cha kushoto. Nikijinyoosha kidogo tu, kama mzee anayeumwa mgongo, itamwagika kwenye drafti kabla jina halijato—