Nani Amekuchekesha Wiki Hii?

Dada yangu mpendwa,

Leo ni Jumapili na simu haijalia. Najua haitalia. Hata hivyo nimeiweka mezani karibu na chai, kama nilivyofanya kila Jumapili tangu nihamie hapa Rissne, Uswidi, nikisubiri uniulize kutoka London swali lako lile lile: "Nani amekuchekesha wiki hii?"

Kama nimekula, hilo waliuliza wengine. Wewe kicheko ndicho kilichokuwa kazi yako. Ulianza kwa kuwapelekea chai wachekeshaji studio, ukaishia kuwa mtayarishaji wa vipindi vyao vya televisheni, kisha ukahamia maonyesho ya kumbi kubwa, ambako watu maarufu walisimama pale ulipowaambia wasimame. Nami niliyekuzoea ukiunguza maharage Bujumbura, nililiona jina lako mwishoni mwa kipindi, likipita mbio kama limeiba kitu.

Na bado kila mwaka ulikuja kututayarishia jioni ya vichekesho katika ukumbi mdogo wa mtaa wetu. Unakumbuka ile ya kwanza? Nilipanga viti vyote nikajiona fundi. Waswidi wakafika saa ile ile iliyoandikwa, kila mmoja akakaa mbali na mwenzake. Watu wetu, unawajua, walikuwa bado wanapiga pasi. Ukaanza kuondoa viti mbele ya wageni, mpaka wote wakakaa goti kwa goti. Mzee mmoja wa Kiswidi akawaomba radhi majirani zake wote.

"Kiti kitupu hula kicheko," ukaniambia. "Usilete kingine mpaka mtu akose pa kukaa."

Wewe mwenyewe hukukaa kamwe. Ulisimama nyuma kabisa, ukitazama mabega ya watu badala ya jukwaa. Ulisema mdomo hucheka kwa adabu, bega halijui adabu.

Hata ulipolazwa uliendelea kuniuliza. Mara ya mwisho nilikujibu, "Hakuna, dada."

Ukaniambia, "Basi mtafute, mdogo wangu. Utaniambia."

Ukatutoka, nami sikumtafuta. Nilikwenda kazini Tumba kuhudumia wazee, nikarudi kwa treni ambamo kila mtu amekumbatia begi lake, nikafunga mlango. Watoto walinijibu kwa Kiswidi wakaingia vyumbani mwao. Upweke wa huku ni wa kimya. Hata kulia unaona utawasumbua majirani. Watu walipouliza habari za jioni yetu, niliwaambia tuiache. Lakini lile neno lako, "utaniambia", halikuniacha.

Basi jana tuliifanya. Nilipanga viti vichache. Kimoja nilikuwekea wewe, nikakitazama, kisha nikakirudisha stoo, maana hukai, na kingekula kicheko bure. Nikaenda kusimama mahali pako.

Baba Keza, jirani yangu wa ghorofa ya chini, akapanda jukwaani na suti aliyoolea.

"Miye niko hapa miaka mingi," akasema, "jirani hanipe hata salamu. Siku moja nikasahau nguo ndani ya mashine, kule kwenye chumba cha kufulia cha jengo. Akaniandikia barua ya kunifokea! Tena barua ndefu! Nikaita mke wangu: Mama Keza, Mungu ni mwema, tumepata rafiki!"

Mabega yakatikisika safu ya mbele, kisha ya pili. Yule mzee wa Kiswidi akacheka mwisho, baada ya kutafsiriwa. Nilikuwa nayatazama yote kama ulivyonifundisha, mara nikasikia kitu kinagonga ukuta nyuma yangu. Yalikuwa mabega yangu.

Nilicheka, dada. Halafu nikalia, kwa sababu nilitaka kukupigia.

Basi jibu lako ni hili: Baba Keza. Wiki hii ni Baba Keza. Wiki ijayo sijui, nitamtafuta mwingine.

Chai imepoa. Pumzika sasa. Umesimama sana, dada yangu, kaa.

Mdogo wako wa Rissne