Jiwe Langu la Kwenye Kopo, na Bomu Ambalo Iran Haina

Likasi, Kazi Tatu, mwezi wa saba

Kazi Tatu ndiyo siku ambayo watu wa pwani wanaiita Jumatano. Sisi huku siku zetu tulihesabiwa na kiwanda: kazi moja, kazi mbili, mpaka siku ya posho. Posho haigawiwi tena, lakini siku yake imebaki, kama kofia ya marehemu kwenye msumari.

Baridi inauma masikio. Umeme umekwenda tangu jana. Maji ya bwawa la Mwadingusha yapo, nyaya zipo, umeme tu ndio mtoro. Naandika kwa simu niliyoichaji dukani, kwa kidole kimoja, kile kile ninachokunia mgongo. Binti yangu Odette, aliyenifungulia ukurasa huu ili nisiwachoshe watu kwa hadithi, anataka niandike Kiswahili ambacho hata mtu wa Dar ataelewa. Najitahidi.

Leo sina raha. Ninyi mnaonisoma, ambao mkizidi sana mnafika kumi na mmoja, mmezoea niwachekeshe. Leo mtanisamehe.

Au msinisamehe, shauri yenu.

Asubuhi nilianza na redio, na redio ilianza na Iran. Walipigwa mabomu kwenye mashimo yao ya mlimani, na bado msemaji wao anasema yale yale: bomu hatulitaki, lakini kurutubisha urani hatuachi. Wanasema kurutubisha, kana kwamba ni shamba la mahindi. Kisha mtaalamu mmoja wa Kifaransa, mwenye sauti ya mtu aliyeshiba, akaeleza kwamba huo ndio mkakati wa usalama wa taifa lile: kukaa kizingitini. Huingii ndani, hurudi nje. Ukisema bomu unalo, watakupiga. Ukisema huna, watakudharau. Basi nyamaza, uwaache wahesabu wenyewe. Tatizo, akasema, ni kwamba waliohesabu wamehesabu vibaya, wakapiga hata hivyo.

Siku nyingine ningecheka. Mkakati huo niliuvumbua mimi, Mwape, darasa la nne la msingi, kwenye avenyu yetu, mtaa huu huu, kabla redio haijaujua.

Mnaijua nusu ya hadithi. Leo nawapa na nusu nyingine.

Nilikuwa na jiwe jeusi, zito kuliko umbo lake, lenye madoa ya njano. Dibwe, tunavyosema sisi. Kwa miaka lilikuwa kazini kwa marehemu mke wangu, likikandamiza kifuniko cha pipa la munkoyo, pombe yetu nyepesi ya mahindi. Halafu pasta wa kanisa la jirani akataka kupanua ukuta wake. Siku moja nikakuta mafundi wamevuta kamba hatua mbili ndani ya kiwanja changu. Kwenda kwa chef de quartier, mkuu wa mtaa, kunataka karatasi, na zangu zililiwa na panya. Kupigana kunataka magoti, na yangu yalikuwa yameshaniaga. Nikaingia ndani, nikavaa glavu zangu za kiwandani, nikalishika jiwe kwa koleo la makaa, nikalitia kwenye kopo la maziwa ya unga, nikatoka nalo polepole kama padri na sakramenti. Nikaliweka kwenye ile kamba. Nikawaambia mafundi waendelee tu, sina neno, ila mwenye mke mjamzito asisimame upande huu.

Basi. Shinkolobwe, mgodi wa zamani wa urani, sikuitaja. Nilitupa jicho tu kule lilipo lile shimo.

Hapa Likasi jicho linatosha. Kila mtu anajua jiwe lililounguza watu wa Japani lilitoka wapi. Mafundi walikunja kamba kabla chai yao haijapoa. Pasta alihubiri juu ya majirani wachawi Jumapili tatu mfululizo, lakini ukuta ukakaa ulipokuwa. Wezi walipoiba nyaya avenyu nzima, kwangu waliruka. Hata Alimasi, mwenye duka la kona, Mwislamu ambaye wazee wake walitoka Maniema na ndiye bingwa wetu wa siasa za dunia, akaja kuomba kipande cha kuweka mlangoni. Nilimpa. Nikawa na washirika, kama Iran.

Watu waliniuliza: Papa Mwape, ni kweli? Nilikuwa najibu kwamba mzee hana meno, mdomo wake haushiki siri wala haumwagi siri. Wakaenda zao wakiwa wameogopa zaidi.

Ukweli ni huu. Lile jiwe ni takataka ya tanuru. Nililiokota kando ya reli, nyuma ya kiwanda, nikitafuta mahali pa kujisaidia.

Nilifurahi kwa miaka. Sikuona kwamba siku ile ya kamba, Odette alikuwa amesimama mlangoni, msichana mkubwa tayari, na alisikia neno langu juu ya wajawazito.

Kwetu mimba ya kwanza binti anarudi kwa mama yake kuingojea. Odette alirudi, akalala chumba chake cha utotoni, na mimba ikatoka. Ya pili alirudi tena. Ikatoka tena. Mama yake alikuwa bado hai, alimwogesha, alimlilia. Mimi nilikaa nje, nikachonga mpini wa jembe ambao haukuhitajika. Mimba ya tatu mama yake alikuwa amekwisha kufa, Odette akabaki Lubumbashi kwa mumewe, na mtoto akazaliwa mzima, analia kama honi ya lori. Mvulana. Anatakiwa kuwa majina yangu, wa jina moja nami, Mwape, na babu mwenye jina ndiye anayemshika na kumwita mara ya kwanza. Bila hilo, kwetu, mtoto anatembea na jina la kuazima.

Siku ya Mungu inayokuja, yaani Jumapili, wanafika Likasi, kwa mama mkwe wake, ng'ambo ya mji. Wiki iliyopita alinipigia.

“Papa, minye nakupenda,” alisema. “Lakini mutoto yangu hataingia mu ile nyumba, hapana, kama ile dibwe iko ndani.”

Nikamwambia ukweli wote: reli, takataka, haja yangu ya asubuhi. Akaniuliza:

“Leo njo unasema? Miaka yote ulikuwa unasema nini?”

“Sikusema kitu, mama.”

“Njo ile, Papa.”

Njo ile, yaani ndiyo hiyo hasa. Akakata simu.

Nilitaka kulitupa jiwe, Alimasi akanizuia. Alisema nikilitupa, Odette atadhani nimelificha; ndivyo wanavyofanyiwa Wairani, wakionyesha chumba kitupu wanaulizwa kilichokuwamo kimepelekwa wapi. Dawa, alisema, ni mkaguzi. Na mkaguzi tulikuwa naye: Trésor, mteja wake, fundi wa depo moja ya kobalti, kijana mwenye adabu na familia yake. Kazi yake ni kupitisha mashine ndogo juu ya magunia kabla lori halijaondoka, isikike kama kuna mionzi.

Amekuja leo asubuhi, kabla ya kazi. Nilimwita na pasta, ashuhudie kutoka upande wake wa ukuta. Nilioga. Nilivaa koti la harusi za watu.

Trésor akashusha mashine juu ya kopo. Ikatoa tiki moja, ikanyamaza, ikatoa nyingine, kama mzee anayekohoa kanisani. Akaizungusha, akaigusisha na jiwe kabisa. Hivyo hivyo. Akasema jiwe hili ni salama kuliko tumbaku yangu. Pasta alicheka mpaka akashika ukuta. Aliniambia nimewachezea kama watoto, kisha akaenda kuwapa habari waumini, na nilimsikia akicheka njia nzima.

Mimi sikujali. Kwa mara ya kwanza tangu mke wangu afe nilijisikia mwepesi. Alimasi akampiga Trésor picha na jiwe na mashine, tumtumie Odette. Nikawaingiza ndani wote wawili, nimpe mkaguzi munkoyo, Alimasi maji ya chupa.

Trésor alikaa, akaiweka mashine sakafuni kando ya kiti ili apokee kikombe kwa mikono miwili, kama alivyofundishwa.

Mashine ikaanza kusema.

Si tiki moja moja. Ilisema kama mafuta yakimwagiwa maji. Trésor hakunywa. Aliiokota, ikapunguza kelele. Akairudisha chini, ikaanza tena. Akatembea nayo sebuleni, akaingia chumbani kwangu, akaingia chumba cha Odette, na huko ndiko ilikopiga kelele zaidi. Alitoka akiwa hanitazami usoni.

“Papa, hii sakafu ulijenga na mabwe ya wapi?”

Nilijua jibu kabla hajamaliza kuuliza.

Odette alikuwa mdogo, tulikuwa na sakafu ya udongo, na kila masika mama yake alipambana na tope. Miaka ile watu walikuwa wakichimba Shinkolobwe usiku na mchana, na mabaki ya mawe yakishuka mjini kwa baiskeli, magunia mawili kila moja, watu wakisukuma. Kokoto nzuri, nzito, isiyo na vumbi. Tulichukua wengi. Mimi nilichukua ya kutosha nyumba nzima, na kwa chumba cha mtoto nilimwaga ya ziada, ili asipate baridi ya ardhi. Tukamwaga saruji nyembamba juu. Sakafu yangu haijapasuka mpaka leo. Avenyu nzima ilikuwa ikija kuitazama.

Mke wangu alikuwa akiipaka nta nyekundu kila siku ya posho. Kwa magoti.

Nilimuuliza Trésor kama ndiyo iliyozitoa mimba. Akasema yeye si daktari, hajui, na hata daktari pengine asijue. Nikamuuliza kuhusu mama yake Odette, aliyekufa damu ikimwishia taratibu. Akasema hivyo hivyo. Akasema anachojua ni kwamba mtoto asitambae hapa, na mimi nilale nje kama ningeweza, lakini ni baridi, na ninao umri wangu. Kisha, kwa upole, akasema kwamba hakutumwa na mtu, kwa hiyo hana ripoti ya kuandika. Kusema ni kwangu. Kunyamaza pia ni kwangu. Alimasi alitazama mikono yake. Alisema yeye hakusikia kitu, mpaka mimi niseme amesikia.

Wameondoka. Nimekaa nje kwenye jua, kopo liko miguuni.

Nataka kuwaambia lililonijia kwanza, maana kama siandiki hilo, ukurasa huu wote ni wa kutupa. Sikumfikiria mke wangu kwanza. Nilifikiria kwamba picha tunayo. Picha ya jiwe lililo kimya. Nikimtumia Odette ataamini, maana mkaguzi yumo. Siku ya Mungu atakuja, mtoto ataketi mapajani mwangu, nitamwita Mwape, na saa moja sakafuni haiui mtu.

Nilipokuwa sina, niliwafanya watu waamini labda ninacho. Sasa ninacho, chini ya kiti, chini ya kitanda, chini ya picha ya marehemu, na akili yangu inatafuta jinsi ya kusema sina.

Kule kwa Waajemi ndege zimevuka nchi ngapi kutafuta urani chini ya mlima. Huku kwetu iko sebuleni, tumeipaka nta, na kwa miaka yote hii hajapita hata mtu mmoja na mashine ya kuuliza hodi. Jiwe letu likiwa la kuua watu wa mbali, ni mkakati. Likituua sisi, ni sakafu.

Na sasa nasikia nyundo. Pasta hakungoja hata mchana: kamba imerudi, hatua mbili ndani ya kiwanja changu, na mafundi wake wanaimba. Waliosalimisha silaha watanielewa. Nilisimama ukutani nikamwambia kwamba msingi wa kanisa lake ulijengwa na kokoto za baiskeli zile zile, kwamba watoto wa Jumapili wanakaa chini pale, amwite Trésor leo leo. Alinisikiliza akitabasamu, halafu akasema, “Papa Mwape, dibwe imekwisha, sasa unaleta sakafu?”

Nilisema mara ya pili. Mafundi wakacheka. Nitarudi kesho, nitasema mara ya tatu, na wataendelea kucheka, na haki wanayo, mimi ndiye niliyewafundisha.

Odette, najua unasoma hapa kabla ya wote. Picha sitaituma. Hukukosea kuogopa, ila si jiwe. Ni sakafu ya nyumba, na hasa ya chumba chako, na niliimwaga mimi kwa mikono yangu nikidhani nakukinga baridi. Usimlete mutoto. Siku ya Mungu nitakuja mimi. Nitaacha viatu vyangu na vumbi lake barabarani, nitasimama uani kwa mama mkwe wako, nje, mbali kidogo, wewe umshike. Kumwita jina hakuhitaji mikono.

Utasema Papa anacheza tena. Mpigie Alimasi. Kuanzia sasa hivi nimemruhusu kuwa amesikia.

Nikibonyeza hapa kuutuma ukurasa huu, hautarudi. Nimeshika simu muda, mpaka jua limehama kutoka magotini.

Kesho ni Kazi Ine. Sakafu itakuwa palepale, na mimi sina pengine pa kulala.