Picha ya Robi

Mume wangu Mwita,

Marahaba. Huku Gorong'a tumevuna mtama, magoti yananiuma, na dada yako Boke anayeniandikia anacheka badala ya kuandika.

Unauliza mbona Robi amekukataa wakati picha yake umeshaifuta. Picha ya chumbani, aliyokutumia wewe peke yako, ukawarushia wenzako huko Kerende wakuone mwanaume! Nimechoka na nyinyi na simu zenu.

Babu yako alipokuwa ananichumbia, nilipita na mtungi wangu nikasikia wenzake wakimchokoza: “Chacha, umeshampata, au unamwangalia tu?”

Akajibu, “Muulizeni mwenyewe, huyo anapita.”

Hakuna aliyethubutu. Wakamcheka wiki nzima. Na alikuwa ameshanipata, tena vizuri tu. Boke, andika hivyo hivyo!

Wenye ng'ombe wengi walikuja kwetu. Nikamtaka yeye.

Wewe umefuta kwenye simu yako, wenzako bado wanayo. Anza na hao. Halafu nenda Nkende ukamwombe Robi msamaha, ila usimwombe akurudie.

Ukitoka huko njoo ule ugali. Nakupenda, mjinga wewe.

Mkeo mkubwa,
Bibi