Mwanangu Ananiita Bunda Kwenye Simu Tu

Bu Ratmi mpendwa, naomba msaada wako, na kama nimeandika ovyo unisamehe, shule niliiacha mapema.

Nilikuwa Taiwan nikimuuguza bibi wa watu, nimerudi kwetu Indramayu baada ya Idi, na nilipoondoka mwanangu Nesya alikuwa bado ananyonya, sasa anaimba nyimbo za dangdut nyumba nzima inatetemeka, nikajua atanirukia shingoni lakini alijificha nyuma ya baba yake akaniita Tante, shangazi, kama mgeni aliyeingia kuomba maji.

Mume wangu Kang Rasdi alikuwa mtangazaji wa jukwaa la harusi, na unajua kwetu mtu akimtuza mwimbaji lazima jina lake lipazwe mpaka kijiji cha pili wasikie, sasa maharusi wanataka nyimbo za Kikorea na vijana wa kucheza, hawamwiti tena, basi kazi ameihamishia sebuleni. Kila jioni anamvalisha Nesya gauni la kumetameta, anaingia laivu, wanawake wetu walioko Hong Kong na Saudia wanatuma maua ya kwenye simu yanayogeuka pesa, naye anapaza sauti, "Bunda Wiwin wa Hong Kong, huyoo! Nesya, mwambie Bunda!" Mtoto anabusu kioo cha simu, "Nakupenda, Bunda!" Bunda, jina la mama, Bu Ratmi, ambalo mimi niliyemzaa sijaitwa hata mara moja tangu nirudi. Kule Taiwan nami nilikuwa namtazama hivyohivyo, natuma maua, nafurahi, nilidhani nalea.

Juzi nimefanya jambo la aibu. Nilikuwa jikoni nakaanga tempe ya soya, wao sebuleni, ukuta mmoja tu, nikajiandikisha kwa jina la Bunda Melati nikatuma ua. Nikasikia sauti mara mbili, ukutani kwanza halafu kwenye simu, "Nakupenda, Bunda Melati!" Nikasimama palepale nalia mpaka tempe ikaungua, mtoto akaja mlangoni ameziba pua, "Tante, unaunguza!" Tangu hapo natuma kila jioni.

Nilimwambia Kang Rasdi tuache, akacheka, "Wee, unawaonea wivu mashabiki?" Mama mkwe naye, "Mtoto hana kosa, aliyeondoka ni wewe." Sasa wakala amepiga simu, Taiwan bado wananitaka, na nawaza nirudi, huko angalau nitaitwa Bunda. Lakini moyo bado unatumaini. Nifanyeje?

Darsinah, Indramayu

*

Darsinah, mfute kwanza huyo Bunda Melati. Sasa hivi, kabla hujaendelea kusoma.

Barua yako imeniliza, halafu imenikasirisha. Unamfundisha mtoto kwamba mama ni ua linalopita kwenye kioo, halafu unashangaa hakujui? Uliondoka kutafuta riziki, hilo asikupige nalo mtu. Muulize mama mkwe, kwa adabu, wali aliokula miaka yote hiyo ulitoka kwenye jasho la nani.

Mumeo si mtu mbaya, ni mtangazaji aliyenyang'anywa jukwaa. Lakini kaa naye mchana, simu imezimwa, umwambie: hao wanawake kuanzia leo ni Tante, wote. Na mtoto aimbe akitaka mwenyewe, si kila jioni kama kibarua. Akicheka tena, mwite kaka yake mkubwa na mjumbe wa mtaa, aone kama nao watacheka. Wakala mjibu hapana, ukate simu.

Nesya usimlazimishe akuite chochote. Mwogeshe, mkate kucha, mtoe chawa, mnuniane, mgombane, mlale kitanda kimoja. Sitakudanganya. Wengi wameniandikia kama wewe na si wote walirudishiwa watoto wao. Huenda jina hilo limeshachakaa mdomoni mwake, asikuite Bunda maisha yake yote, na utabeba hilo.

Lakini jioni ile aliacha kioo na mashabiki wake akaja mlangoni kwako, Darsinah. Harufu ya kuungua haipiti kwenye simu. Kesho kaanga tena, na umwite aje ageuze.