Mke wa Nahodha Hakasiriki

Jumatatu, 22 Aprili 1974

Mume wangu Suvlu na wenzake wameondoka asubuhi kwenda kuwinda nyangumi kwenye barafu ya bahari, wakiiburuta mashua ya ngozi. Nimebaki nyumbani kama impasavyo mke wa nahodha. Nisishike kisu wala mkasi. Nisikimbie. Mlango usitiwe komeo, birika lisikose moto, na yeyote aingiaye ale. Zaidi ya yote, nisikasirike. Nyangumi humjia nahodha ambaye nyumba yake imetulia na mkono wa mkewe u wazi. Akihisi ugomvi, hupita mbali.

Hayo yote nayakubali. Kwa sababu hiyo hasira yangu naiweka humu, pasipo na sikio.

Kwani Masak, wifi yangu, anayefua nguo kambini kwa watafiti wa Jeshi la Majini, ameleta habari. Wameshusha mashine majini, katika ufa uleule wa barafu ambamo nyangumi hupita! Inapiga sauti chini ya maji, wapate kujua inafika umbali gani, kwa manufaa ya manowari zao. Mume wa Masak alitumbukiza kasia na kuweka sikio kwenye mpini, kama tusikilizavyo nyangumi. Alilichomoa upesi.

"Wifi, anasema ni kama mtu anakugongea debe tumboni."

Wanaume wetu huko hawathubutu hata kukohoa. Wanavaa nyeupe. Hawapigi msumari. Na hawa — debe!

Jumatano, 24 Aprili 1974

Nimemwandikia Dakta Whitcomb, mkuu wa utafiti. Kurasa mbili, pasipo neno lililofutwa. "Kwa heshima zote zinazostahili, na bila kuathiri haki zetu za tangu kale, tunaomba mashine iliyotajwa inyamazishwe hadi msimu wa nyangumi utakapokoma." Shule sikuimaliza. Nilijisomea kamusi aliyoiacha mchungaji, ukurasa baada ya ukurasa, na ombi lolote lililowahi kutoka kijijini hapa limetoka mkononi mwangu.

Masak aliipeleka barua. Amerudi akicheka kicheko kisicho na furaha. Dakta aliisoma yote, akaisifu, kisha akauliza, mwalimu gani ameniandikia?

Mwalimu gani!

Na jibu? Hapana jibu. Eti vipimo vyake vinahitaji barafu inayosogea, na barafu haitamngoja. Je, nyangumi ndiye atakayemngoja?

Ijumaa, 26 Aprili 1974

Amekuja mwenyewe. Aliingia na theluji yake ya viatuni mpaka katikati ya chumba.

"Mama, nasikia chai ya nyumba hii haina mpinzani!"

Nikamkaribisha. Ningefanyaje? Nyumba yenye choyo haipati nyangumi. Nikamwekea samaki wa barafu, mafuta ya sili, mkate wa kukaanga. Alikula kama aliyetoka kifungoni. Kati ya tonge na tonge akanieleza: Jeshi linaulipia utafiti huu hadi katikati ya Mei tu. Asipopata vipimo sasa, mradi unakufa, na ujana wake wote aliouzika humo unakufa nao. Sikatai, aliyasema kwa uchungu wa kweli. Lakini mradi wake ukifa, yeye atarudi kwao. Sisi tukikosa nyangumi, turudi wapi? Kijiji kizima kitatia nini ghalani?

Nilipofumbua kinywa, mama mkwe akakohoa kitini pake. Bibi Niguvana alikuwa mke wa nahodha kabla mimi sijazaliwa. Akasema kwa lugha yetu, "Tabasamu, mwanangu. Nyangumi anakutazama."

Nikatabasamu. Taya linauma hadi sasa.

"Kuhusu barua yangu, Dakta," nikasema.

"Nimeisoma. Nzuri mno! Tutaelewana tu, mama. Si naona mnavyotupokea?"

Nikamjazia kikombe.

Jumatatu, 29 Aprili 1974

Laana! Masak amesikia kwa masikio yake, akikunja mashuka. Dakta amewatangazia wenzake kwamba mke wa nahodha ameridhia. Ushahidi? Alitabasamu. Alimlisha. Taarifa imeshatumwa makao makuu: wenyeji hawana pingamizi. Na kuanzia leo mashine inapigwa kutwa nzima!

Kurasa mbili za pingamizi, kwa lugha isiyo na doa, hakuziona. Aliyoyasoma ni meno yangu. Tabasamu lile halikuwa lake. Lilikuwa la nyangumi! Ameliokota mezani kwangu kama mkate.

Adhuhuri Suvlu amenong'ona kwenye redio ya mawasiliano. Nyangumi watatu walichomoza, wakageuka, wakaelekea barafu ya mbali ambako mashua haifiki. Manahodha wengine nao hawajapata kitu.

Nikamwambia mama mkwe, "Mmesikia, mama? Ni ile mashine."

"Au ni wewe."

"Mimi?"

"Unatabasamu kwa mdomo. Tumboni unachemka kuliko birika hilo. Unafikiri nyangumi anatazama mdomo?"

Mkwe hajibiwi. Lakini hapa najibu! Tukikosa mwaka huu, hakuna atakayeilaumu mashine. Itasemwa kwamba nyumba ya Suvlu ilikuwa na hasira, na jina langu litatajwa kila chungu kitakapokuwa kitupu. Niking'aka, nimemfukuza nyangumi. Nikinyamaza, nimempa Dakta fimbo ya kumfukuzia. Mwenye kuijua njia ya tatu na anionyeshe!

Jumatano, 1 Mei 1974

Barua ya pili niliipeleka jana, kali zaidi, ingawa yenye adabu. Leo limekuja jibu: salamu, shukrani kwa ukarimu, na pakiti ya sukari.

Sukari!

Alhamisi, 2 Mei 1974

Wako mezani kwangu ninapoandika haya. Dakta, na Kamanda wa Jeshi la Majini aliyeteremka kwa ndege asubuhi. Wanadhani naandaa jibu lao. Na wadhani.

Kamanda ni kijana mpole, amevua kofia. "Mama, Dakta amenihakikishia kwamba hamna kinyongo. Nimependa nilisikie kwako mwenyewe kabla sijaandika."

Nimemwomba muda wa kuyapanga maneno, kwani mashine imezimwa kwa ajili ya ziara yake. Watu wa Dakta wako kwenye ufa wa maji wakingoja amri yake ya redio, naye amesema ataitoa akimaliza kula. Akimaliza kula! Basi nimemlisha. Samaki. Supu. Mikate juu ya mikate.

Masak amenitolea macho kutoka jikoni. "Wifi, mkate umekwisha."

"Kaanga mwingine."

"Unga nao umekwisha."

"Kaazime."

"Mama, utatuua kwa shibe!" Dakta akacheka, akala.

Ndipo redio yetu ikakwaruza. Suvlu, sauti ndogo kama ya mtu aliyefunikwa blanketi: "Yuko hapa. Amepumua mbele ya mashua. Nyumbani, tulieni."

Wageni hawakuelewa. Nimewafasiria, kwa upole, neno kwa neno. Nyangumi yuko mbele ya mashua ya mume wangu. Tafadhali, mashine isiwashwe leo.

"Hongereni!" amesema Dakta. "Jaribio letu ni fupi tu, mama, hata hatamsikia." Akanitabasamia, kwa kuwa nami nilikuwa nikimtabasamia.

Nimeinua birika. Amekiziba kikombe kwa kiganja. Ametosheka. Mkono wa pili unaipapasa redio iliyo kiunoni.

Kamanda ameshika kalamu. "Kwa hiyo niandike, hakuna pingamizi?"

Neno "hapana" wamekwisha kulisikia kwangu, kwa wino na kwa mdomo, likapita kama moshi. Hawa husoma uso. Basi uso na uwaambie — humu ndani, saa hii, pumzi ya nyangumi ikiwa mbele ya mashua!

Nimemtazama mama mkwe, nikingoja aniambie nitabasamu.

Hakuniambia. Amekishika kiti chake kwa mikono miwili, akakigeuza kwa shida, miguu ya kiti ikikwaruza sakafu, mpaka akaelekea ukutani, asiuone uso wangu utakapoacha kutabasamu.